Neno Moja la Usiku: Nilivyoponea Kesi ya Kashfa kwa Sababu ya Kahawa ya Mama

Ijumaa ya tarehe 9 Julai 2021, saa tisa alasiri, niliingia kwa miguu yangu mwenyewe katika kituo kimoja cha polisi hapa Nairobi nikidhani kwamba ningetoka baada ya nusu saa. Nilitoka Jumamosi saa moja jioni, bila simu, nikiharakisha kufika nyumbani Umoja kabla ya kafyu ya korona ya saa nne usiku. Nyuma yangu nilikuwa nimeacha taarifa ya kurasa mbili niliyoiandika kwa mkono wangu, ambayo wakili alipoisoma baadaye alivua miwani akakaa kimya kwa muda. Ninayaandika haya kwa ajili ya watoto wa wakulima wanaoishi mjini kama mimi, ambao kila malipo ya kahawa, chai au maziwa yanapotoka hupigiwa simu na wazazi waliovunjika moyo, kisha hukaa macho usiku na kuanza kuandika.

Mama ana mibuni mia nne hivi huko Kiambu, na ni mwanachama wa chama cha ushirika ambacho sitakitaja. Msimu ule alipeleka kiwandani kilo 1,840 za kahawa mbivu, na malipo yalipotangazwa mwezi wa Juni yalikuwa shilingi 62 kwa kilo. Alinipigia simu usiku. Hakulalamika, kwa kuwa mama si mtu wa kulalamika. Alisema tu kwamba bati za jiko zingesubiri mwaka mwingine.

Mimi ni karani wa hesabu katika duka la vipuri kwenye Barabara ya Kirinyaga, na hilo ndilo linalonifedhehesha zaidi katika kisa hiki. Wiki hiyohiyo nilikuwa nimesoma gazetini bei za mnada wa kahawa, ule unaofanyika Jumanne katika Jengo la Wakulima, Barabara ya Haile Selassie, mwendo wa miguu kutoka kazini kwangu. Gunia la kilo 50 la daraja la AA lilikuwa limefikia dola 380 hivi. Nikazidisha kwa shilingi 108, thamani ya dola moja wakati ule, nikagawanya kwa 50, nikapata zaidi ya shilingi 820 kwa kilo. Mama alilipwa 62. Mara kumi na tatu! Sikulala. Saa tano na nusu usiku niliandika katika kundi la WhatsApp la watoto wa wanachama wanaoishi Nairobi, lenye watu zaidi ya mia na themanini, kwamba mwenyekiti na genge lake walikuwa wezi waliokula jasho la mama zetu. Kisha nikaona haitoshi. Niliyaweka maneno hayohayo Facebook, nikaambatisha picha ya mwenyekiti akiwa mbele ya nyumba yake mpya, na chini yake nikaandika: "Kahawa yenu hii hapa."

Kulipopambazuka watu mia kadhaa walikuwa wameyasambaza. Nilijihisi shujaa kwa siku nne.

Siku ya tano nilipigiwa simu na mwanamume aliyejitambulisha kuwa afisa wa upelelezi, akaniomba kwa upole nipite kituoni "tuzungumze kidogo". Sikuuliza jina lake kamili, wala nambari ya lalamiko katika kitabu cha matukio, ile ambayo kila mtu hapa huiita OB. Sikuuliza ninaitwa kama shahidi au kama mshukiwa. Juu ya hayo, nilikubali kwenda Ijumaa alasiri, ingawa ninaishi katika jiji ambalo kamatakamata ya Ijumaa ni jambo linalojulikana hata na watoto. Ibara ya 49 ya Katiba inataka aliyekamatwa afikishwe mahakamani ndani ya saa 24, lakini ikiwa saa hizo zitaisha wakati ambao mahakama hazikai, atafikishwa siku ya kazi inayofuata. Anayekamatwa Ijumaa saa tisa anaweza kulala ndani hadi Jumatatu bila sheria kuvunjwa waziwazi. Ukiitwa na si jambo la dharura, omba mwanzo wa wiki, asubuhi, na uende na wakili, au angalau na mtu atakayebaki nje ya mlango akijua umeingia saa ngapi. Mimi nilimwambia mke wangu tu kwamba ningechelewa chakula.

Ndani nilifanya makosa kwa mfululizo ambao hadi leo unanishangaza. Afisa aliomba simu yangu, nikampa. Akaomba namba ya siri, nikampa. Baada ya hapo aliniletea karatasi na kalamu akaniambia nieleze kisa changu kwa ukweli, kwani mtu mwema hana cha kuficha. Nami, nikijiona mtu mwema, niliandika kurasa mbili. Ibara hiyohiyo ya 49 inampa aliyekamatwa haki ya kunyamaza, ya kuelezwa sababu ya kukamatwa kwa lugha anayoielewa, ya kuwasiliana na wakili, na ya kutolazimishwa kukiri jambo litakaloweza kutumiwa dhidi yake. Haki hizo zote nilizijua. Kuzijua ukiwa sebuleni ni jambo moja. Kuzikumbuka ukiwa mbele ya meza ya chuma, na mtu anakuita "ndugu yangu" huku ameshika simu yako, ni jambo jingine kabisa. Katika kurasa zile niliandika sentensi iliyomfanya wakili avue miwani: kwamba nilikuwa na hasira na nilitaka mwenyekiti aaibike mbele ya watu. Nilidhani ninaeleza uchungu wangu. Kumbe nilikuwa nimewatengenezea ushahidi wa nia mbaya, kitu ambacho katika mambo ya kashfa, yaani kumchafulia mtu jina, hutafutwa kwa tochi.

Saa tatu usiku, baada ya kuomba mara tatu, niliruhusiwa kumpigia mke wangu. Sitayaeleza sana yaliyobaki ya usiku huo. Sakafu ilikuwa na maji, tulikuwa watu kumi na wawili katika chumba cha watu wanne, na kijana mmoja aliyekamatwa kwa kosa la kafyu alilia hadi alfajiri akimwita shosho wake.

Mke wangu na dada yangu walipata wakili kupitia mtu wa kanisani. Alifika Jumamosi saa nane mchana na bahasha ya kaki. Nilikuwa nimeambiwa kwamba ningeshtakiwa Jumatatu kwa kashfa ya jinai chini ya kifungu cha 194 cha Kanuni ya Adhabu, kosa lililobeba kifungo cha hadi miaka miwili. Wakili alitoa katika bahasha hukumu ya Mahakama Kuu ya tarehe 6 Februari 2017, ambapo Jaji John Mativo, katika kesi ya Jacqueline Okuta, alitamka kwamba kifungu hicho kinakwenda kinyume cha Katiba. Hoja ya hukumu ile, kama alivyonifafanulia baadaye, ni kwamba sheria tayari inampa aliyechafuliwa jina njia ya kudai fidia katika kesi ya madai. Kumtia mtu gerezani kwa maneno aliyosema kunapita kiasi na kunawatia hofu wengine wasiseme hata lile linalopaswa kusemwa. Kwa maneno mengine, kosa nililotishwa nalo lilikuwa limekufa miaka minne iliyotangulia, na hakuna aliyekuwa amewaambia wale waliolitumia kunitisha. Au waliambiwa.

Ningependa kusema kwamba hapo mambo yaliisha. Afisa aliisoma hukumu, akatikisa kichwa, akafungua kitabu kingine: Sheria ya Matumizi Mabaya ya Kompyuta na Uhalifu wa Mtandaoni ya mwaka 2018, kifungu cha 23. Kifungu hicho, kama kilivyokuwa kikitumika wakati ule, kilimhusu mtu anayechapisha habari za uongo akijua kuwa ni za uongo, zikiwa zinaweza kuzua taharuki au kuharibu sifa ya mtu, na adhabu yake ilifikia faini ya shilingi milioni tano au kifungo cha miaka kumi, au vyote viwili. Nilisikia miguu ikiniisha nguvu. Kutoka miaka miwili tulikuwa tumepanda hadi kumi, na kwa sababu tu maneno yangu yalipita kwenye simu badala ya karatasi. Baadhi ya vifungu vya sheria hiyo, hicho kikiwamo, vilisimamishwa na mahakama mwezi wa Mei 2018, vikarudishiwa nguvu Februari 2020, na mabishano juu yake yameendelea. Kwa hiyo anayesoma haya asitegemee kumbukumbu yangu, amuulize wakili hali ilivyo siku hiyo anayoitwa. Lililoniokoa ni maneno mawili: "akijua kuwa". Nilikuwa nimekosea hesabu kwa ujinga, na mjinga hajui kuwa anasema uongo. Sijawahi kushukuru kwa ujinga wangu kama siku ile.

Nilitoka kwa dhamana ya pesa taslimu shilingi 20,000. Wakili alisimama pale hadi stakabadhi ikaandikwa, na nasisitiza jambo hilo kwa sababu bondi ya polisi yenyewe, yaani ahadi ya maandishi kwamba utarudi ukiitwa, haina malipo, na pesa yoyote ya dhamana isiyo na stakabadhi hairudi. Yangu ilirudi mwezi wa Januari. Simu ilikaa kwao miezi mitatu.

Nilipofika nyumbani na kuazima simu ya mke wangu, kitu cha kwanza nilichofanya ni kufuta kila kitu: maneno ya Facebook, picha, hata mazungumzo ya kundi. Hilo nalo lilikuwa kosa. Aliyelalamika alikuwa amekwisha kupiga picha za skrini, na sasa yeye pekee ndiye aliyekuwa na rekodi, huku mimi nikiwa nimepoteza majibu ya wanachama kadhaa waliokuwa wameandika chini yake mambo ya maana kuhusu makato wasiyoyaelewa. Wakili alinieleza kwamba picha ya skrini haijipeleki yenyewe mahakamani. Kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi kinadai cheti kinachoeleza rekodi hiyo ilitolewaje, kwa kifaa gani na na nani. Kwa hiyo njia iliyofaa ilikuwa kuhifadhi kila kitu kwanza, pamoja na tarehe na majina, kisha kukiondoa hadharani kwa ushauri wa wakili.

Wiki ya pili ikaja barua ya mawakili wa mwenyekiti. Walidai niombe radhi hadharani ndani ya siku saba na nikubali kuwajibika kwa fidia. Hapa ndipo nilipoelewa kwamba kufa kwa kifungu cha 194 hakumaanishi kwamba ulimi umepewa uhuru wote. Ibara ya 33 ya Katiba inalinda uhuru wa kujieleza, na ibara hiyohiyo inamtaka kila mtu aheshimu haki na sifa za wengine. Katika kesi ya madai, ukimwita mtu mwizi na ukashtakiwa, mzigo wa kuthibitisha kwamba ni mwizi unaubeba wewe. Kusema "kila mtu anajua" si utetezi. Kundi la WhatsApp nalo si sebule yako. Maneno yakishamfikia mtu wa tatu yamekwisha kuchapishwa, na anayeyasambaza anaweza kujibu pamoja nawe. Binamu yangu, ambaye kosa lake lilikuwa kuyasambaza na kuongeza vikaragosi vitatu vya moto, alipata barua kama yangu na hakunisemesha hadi Krismasi.

Ilibidi nirudi kwenye hesabu. Jirani yangu wa Umoja anafanya kazi kwa wakala wa kuuza kahawa mnadani, na nilimwendea jioni moja na daftari langu. Alicheka kwanza, kisha akaona uso wangu akaacha. Aliniuliza: mama alipeleka nini kiwandani? Nikasema kahawa. Akasema hapana, alipeleka matunda mabivu yenye nyama, maji na maganda, na inachukua kilo sita au saba za matunda hayo kupata kilo moja ya kahawa safi inayouzwa mnadani. Isitoshe, AA ni sehemu tu ya mavuno. Kuna AB, kuna PB, kuna C, kuna TT na T, na madaraja ya chini bei yake ni ya chini. Tukachukua bei ya wastani iliyokaribia mauzo ya chama, dola 260 kwa gunia, ambayo ni shilingi 561 na senti kidogo kwa kilo. Tukagawanya kwa saba. Tukapata shilingi 80.

Nilikaa nikiitazama ile 80. Mama alilipwa 62, tofauti ilikuwa 18, na ndani ya hiyo 18 palikuwa na gharama za kukoboa, usafiri, malipo ya wakala, na mishahara ya watu wa kiwandani. Yaani wizi wa mara kumi na tatu niliowatangazia watu mia na themanini haukuwahi kuwapo. Karani wa hesabu alikuwa amelinganisha maembe na juisi ya maembe.

Lakini jirani hakufunga daftari. Aliniuliza kama mama ana karatasi ya malipo. Nilikuwa sijawahi kuiona! Jumapili iliyofuata nilipanda matatu hadi Kiambu, na mama akanitolea mfuko wa plastiki wenye stakabadhi za kila siku aliyopeleka kahawa, zilizofungwa kwa uzi mwaka kwa mwaka, na karatasi ya malipo ya kila msimu. Katika ile ya 2021 palikuwa na mstari ulioandikwa "mkopo wa mashine", shilingi 7 kwa kilo. Kwa mama hizo zilikuwa shilingi 12,880. Nilimuuliza mkopo huo ulipitishwa lini. Alisema anahudhuria kila mkutano mkuu na kwamba alikumbuka mashine ikizungumzwa, ila kwa kiasi kidogo kuliko hicho. Kisha alisema jambo ambalo sijalisahau: "Mwanangu, nimeuza kahawa miaka thelathini. Ulishika simu ukawauliza watu wote wa Nairobi, mimi hukuniuliza."

Hapo nilijua palikuwa na swali halali, ambalo nililizika chini ya neno moja. Kuuliza mkopo ulipitishwa na mkutano upi hakumkashifu mtu yeyote. Swali hilo linajibiwa kwa karatasi, na anayekosa karatasi hujieleza mwenyewe.

Wakili alijibu barua ya madai kwa ukurasa mmoja, na nadhani ukurasa huo ndio uliostahili zaidi pesa nilizomlipa. Nilikiri kwamba ulinganisho wangu wa bei ulikuwa na makosa na kwamba niliondoa maneno niliyoyatumia kuhusu watu binafsi, nikaomba radhi kwa hayo. Na nikasema wazi kwamba maswali kuhusu makato ya mkopo yanabaki na yatapelekwa panapohusika. Kama ningeomba radhi kwa kila kitu, ningekuwa nimeizika kesi ya mama pamoja na yangu. Tulichapisha masahihisho mahali palepale palipokuwa na maneno ya kwanza. Yaliwafikia watu kumi na wanne.

Sasa kuhusu "panapohusika", kwa maana hapa ndipo wengi wetu hupotea. Jambo la kwanza lililonigonga ni kwamba mimi sikuwa mwanachama. Sheria ya Vyama vya Ushirika, Sura ya 490, inampa mwanachama haki ya kuona taarifa halali za chama katika ofisi yake: sheria ndogo, kumbukumbu za mikutano mikuu, hesabu za mwaka, ripoti za uchunguzi. Haki hiyo ni ya mama, mwenye nambari ya uanachama. Mtoto wa mjini mwenye hasira hana nafasi katika kifungu hicho. Barua ilibidi iwe yake. Tuliiandika pamoja mezani kwake, mistari tisa, ikiomba kuona kumbukumbu za mkutano ulioidhinisha mkopo, kiwango cha juu cha kukopa kilichowekwa na wanachama, na hesabu zilizokaguliwa. Hapakuwa na neno "wizi", hapakuwa na jina la mtu. Nakala moja ilikwenda kwa kamati ya usimamizi, ya pili kwa kamati ya uangalizi, na ya tatu kwa afisa wa ushirika wa kaunti, kwa kuwa tangu Katiba ya 2010 vyama vya ushirika vimo katika majukumu ya kaunti. Mama alihakikisha nakala yake imepigwa muhuri wa kupokewa kila mahali. Kwa muhuri mmoja alirudi ofisini mara nne, na mara ya tatu aliambiwa wino umekwisha.

Wakili alinieleza kwa nini njia hii ni ngao, hata pale unapokuwa na mashaka makubwa moyoni. Lalamiko linalopelekwa kwa nia njema kwa mtu mwenye wajibu wa kulipokea hulindwa na sheria kwa kinga ya masharti, hata likija kuonekana kwamba halikuwa sahihi lote. Kinga hiyo huondoka ukithibitishwa kuwa na chuki, au ukilitangaza kwa watu ambao halikuwahusu. Nilikumbuka kurasa zangu mbili kituoni na picha ya nyumba Facebook, nikaona jinsi nilivyokuwa nimeivua ngao hiyo kwa mikono yangu miwili. Vilevile aliniambia kesi ya kashfa haiwezi kufunguliwa baada ya miezi kumi na miwili tangu maneno yalipochapishwa. Nilihesabu miezi hiyo kama mfungwa. Kila mjumbe wa mahakama aliyepita Barabara ya Kirinyaga na bahasha nilidhani ananitafuta mimi.

Faili ya polisi ilipelekwa kwa Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma, ambaye kwa Ibara ya 157 ndiye anayeamua nani ashtakiwe, na mwezi wa Desemba ilirudi na maelekezo kwamba nisishtakiwe. Hakuna aliyenipigia kunijulisha. Nilijua kwa sababu wakili alifuatilia. Hadi hapo nilikuwa nimemlipa shilingi 45,000, ambazo 15,000 zilikuwa za ile Jumamosi, nimetumia kama 9,000 kwa nauli na nakala, na nimekosa siku kumi na moja za kazi ambazo mwajiri alizikata zote. Jumlisha, uone mara ngapi inapita zile 12,880 za mama. Asiye na uwezo ajue kwamba ipo Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria, iliyoanzishwa kwa Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2016. Mimi nilikuja kuisikia nikiwa nimekwisha kuuza jokofu.

Mkutano mkuu ulifanyika Januari 2022 katika uwanja wa shule ya msingi. Nilimsindikiza mama, lakini kwa kuwa si mwanachama nilibaki nje ya ua, nikiwa nimeshika nguzo kama mtoto aliyefukuzwa darasani. Barua yake ilikuwa imejibiwa nusu: hesabu alionyeshwa, kumbukumbu za mkopo aliambiwa zinatafutwa. Alipopewa nafasi ya kuuliza alisimama, akarekebisha leso, akauliza swali moja: kumbukumbu za mkutano uliopitisha mkopo huu kwa kiasi hiki ziko wapi? Mwenyekiti alijibu kwa dakika kumi kuhusu uzuri wa mashine. Mama akauliza tena, kwa maneno yaleyale, akaketi. Mzee mmoja wa mstari wa mbele ndiye aliyeomba kura.

Sheria ile ya Vyama vya Ushirika, katika kifungu cha 58, inamtaka Kamishna wa Maendeleo ya Ushirika afanye uchunguzi ikiwa angalau theluthi moja ya wanachama waliohudhuria na kupiga kura, katika mkutano uliotangazwa ipasavyo, wataomba hivyo. Zingatia kwamba ni theluthi ya waliohudhuria, si ya wanachama wote. Kwa miaka mingi watu wa kwetu walikata tamaa wakidhani wanahitaji maelfu. Siku ile waliopiga kura walikuwa 312. Waliohitajika ni 104, na mikono iliyohesabiwa ilikuwa 171. Wanawake wengi walioinua mikono walikuwa na mifuko ya plastiki kama wa mama.

Uchunguzi haukuwa wa haraka. Ulianza mwezi wa Aprili, ukasimama wakati wa kampeni, ukaendelea baada ya uchaguzi wa Agosti. Katikati, mwezi wa Julai, miezi yangu kumi na miwili ilitimia bila hati ya mahakama kufika, nami nikamnunulia binamu nyama choma pale Soko la Burma, tukala tukizungumzia mpira. Ripoti ilisomwa mbele ya mkutano mkuu mwezi wa Oktoba, kama sheria inavyotaka. Ilisema mkutano wa wanachama uliidhinisha mkopo, lakini kwa kiasi kidogo kuliko kilichochukuliwa, na kwamba kilichozidi kilipita kiwango cha kukopa bila kurudishwa kwa wanachama. Haikusema mtu aliweka pesa mfukoni. Mashine ilikuwapo, ilikuwa inafanya kazi, na bei yake ilikuwa na maelezo ambayo wengine waliyaamini na wengine hawakuyaamini. Kama ningesimama mahakamani kuthibitisha neno "mwizi", ripoti hiyohiyo iliyowapa wanachama haki ingenizamisha mimi.

Wajumbe watatu waliamriwa kufidia sehemu ya hasara. Sheria inawapa siku thelathini za kukata rufaa katika jopo la ushirika hapa Nairobi, nao walikata. Wakati huo makato yalishushwa kutoka shilingi 7 hadi 3 kwa kilo, na mwenyekiti hakugombea tena. Nilikutana naye mara moja kwenye kituo cha matatu. Alinisalimu kwa jina, akaniuliza habari za kazi, nami nikamwitikia, "Shikamoo, mzee." Hatukuzungumza zaidi, ingawa matatu ilichelewa sana siku ile.

Zile 12,880 za mama hazijarudi. Stakabadhi bado zimo katika mfuko, zimefungwa kwa uzi. Bati za jiko zilipigwa mwaka 2023, kwa pesa za maziwa.